Hawala ya Amandina Lihamba

Mwishoni mwa Januari 1967 Halmashauri Kuu ya TANU ilikaa Arusha kwa siku nne, tarehe 26 hadi 29. Kilichotoka humo kilitangazwa Februari 5 kikabeba jina la mji: Azimio la Arusha. Hapa Ngaramtoni, safari ya daladala moja tu kutoka mjini kwa barabara ya Namanga, ukilitaja Azimio wazee watakutajia mabenki na mashamba makubwa yaliyotaifishwa. Ni nadra kumsikia mtu akitaja ngoma. Lakini Azimio liliwapa wasanii kazi pia. Shule, majeshi na mashirika ya umma yaliunda vikundi vya ngoma na maigizo, na ngonjera alizozikuza Mathias Mnyampala zikawa hazikosekani kwenye sherehe za taifa.

Miaka 18 baadaye mwanamke mmoja wa Morogoro, mzaliwa wa mwaka 1944, alikamilisha tasnifu yake ya uzamivu katika Chuo Kikuu cha Leeds, Uingereza. Ilihusu siasa na sanaa za maonyesho Tanzania tangu Azimio la Arusha hadi mwaka 1984. Huyo ni Amandina Lihamba, mwandishi wa tamthiliya na mwongozaji aliyefundisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ambaye mara chache amesimama pia mbele ya kamera. Nimezisoma na kuzifuatilia kazi zake kwa miaka, na kila ninapozirudia naona swali moja likimfuata: mwananchi akishapandishwa jukwaani, maneno anayoyasema ni ya nani?

Kabla ya tasnifu alikuwa ameshaanza kulijibu kwa kalamu. Mwaka 1980 Tanzania Publishing House ilichapa tamthiliya yake *Hawala ya Fedha*, aliyoitunga kutokana na kisa cha Sembène Ousmane wa Senegali. Sembène alikuwa kuli wa bandarini Marseille kabla ya kuwa mwandishi. Alipotambua kwamba vitabu vyake vya Kifaransa haviwezi kusomwa na watu wale wale anaowaandika, alikwenda Moscow kujifunza filamu akiwa anakaribia miaka 40. Kisa hicho alikitoa kama riwaya fupi, kisha mwaka 1968 akakifanya filamu, *Mandabi*, ambayo watu wake wanazungumza Kiwolofu.

Kisa chenyewe ni hiki. Ibrahima Dieng, mzee asiye na kazi, ana wake wawili na watoto wengi jijini Dakar. Mpwa wake anayefagia mitaa ya Paris anamtumia hawala ya faranga 25,000. Faranga 2,000 ni za Dieng mwenyewe, 3,000 ni za mama wa kijana, na 20,000 amtunzie. Posta wanamtaka kitambulisho. Ili apate kitambulisho anatakiwa cheti cha kuzaliwa, picha na stempu, na ili apate cheti anatakiwa ajue tarehe aliyozaliwa. Huku nyuma majirani wameshasikia kwamba Dieng ana hela, na wanakuja mmoja mmoja kukopa mchele. Mwisho wake anadhulumiwa fedha zote na mtu msomi aliyejitolea kumsaidia.

Niliielewa tamthiliya hiyo vizuri zaidi siku moja ya soko, nikiwa kwenye foleni ya kibanda cha wakala wa fedha za simu hapa Ngaramtoni. Mbele yangu alikuwa koko mmoja, yaani bibi kwa lugha ya hapa, shanga masikioni, mkononi kitochi kilichofungwa kwa mpira ili betri isidondoke.

“Shikamoo, koko.”

“Marahaba, baba. Nitolee hela.”

Kijana akabonyeza, akatikisa kichwa. Namba ya siri ilikuwa imekosewa mara tatu, laini imefungwa. “Laini hii ni ya nani, koko?”

“Ya kwangu.”

“Imesajiliwa kwa jina la nani?”

“La mjukuu.”

“Basi lazima aje mwenyewe aweke dole gumba.”

Koko alitazama dole lake, pana, lenye udongo wa shamba la maharage kwenye kucha. Dole la mjukuu lilikuwa Dar es Salaam. Hela zilikuwa zake, zimo ndani ya simu yake, mkononi mwake.

Mwandishi aliyemchukua Dieng kutoka Dakar akampa Kiswahili alijua kwamba mzee huyo ana ndugu huku kwetu. Alijua pia kwamba kumwandika hakutoshi, kwa sababu tamthiliya iliyochapwa nayo inamtaka msomaji. Hapo ndipo kazi ya Lihamba inaponivutia kuliko mahali pengine popote. Mwaka 1982 alitoa *Harakati za Ukombozi* akiwa na Penina Muhando na Ndyanao Balisidya, wanawake watatu kwenye jalada moja. Miaka hiyo hiyo alianza kuiacha meza ya mwandishi.

Walikwenda Malya, wilayani Kwimba, mkoani Mwanza: Lihamba, Muhando na mwenzao Eberhard Chambulikazi. Hawakwenda na igizo mkobani. Walikaa na wanakijiji, wakauliza kinachowasumbua, na jambo lililojitokeza ni mabinti kupata mimba na kuachiwa mzigo peke yao. Wanakijiji wenyewe ndio waliotunga na kucheza, wakitumia wigashe, ngoma ya Wasukuma inayochezwa watu wameketi. Baada ya onyesho watu hawakutawanyika. Mjadala ulikuwa sehemu ya kazi. Kwa mwandishi hilo si jambo dogo. Ni kukubali kwamba mstari bora wa igizo utatoka kinywani mwa mtu asiyejua kwamba ametunga mstari.

Sitakaa sana kwenye vyeo vyake vya chuoni wala kwenye miaka ya kundi la Paukwa, ingawa kundi hilo lilitoa *Ayubu*, tamthiliya inayostahili makala yake. Lililokwenda mbali zaidi lilianza mwaka 1996, pale yeye na Muhando, aliyejulikana sasa kama Profesa Mlama, walipoipeleka mbinu ya Malya kwa wasichana wa sekondari. Waliipa jina la neno moja: Tuseme. Wasichana wanataja wenyewe kinachowakwamisha masomoni, wanakichambua, wanakitungia igizo, kisha wanalicheza mbele ya walimu na wenzao ambao mara nyingine ndio sehemu ya tatizo. Kupitia FAWE, jukwaa la wanawake wa elimu barani Afrika, Tuseme imevuka mipaka hadi nchi nyingine nyingi.

Ndiyo maana nafasi yake mashuhuri kwenye filamu inanigusa. Katika *Maangamizi*, iliyoongozwa na Martin Mhando na Ron Mulvihill na kuandikwa na Queenae Taylor Mulvihill, Lihamba ni Samehe, mgonjwa katika hospitali ya akili ambaye hajasema neno kwa miaka mingi. Daktari kutoka Marekani, anayechezwa na BarbaraO, anajaribu kumfikia. Mwaka 2001 filamu hiyo ilikuwa ya kwanza kuwakilisha Tanzania katika kinyang'anyiro cha tuzo za Oscar kwa filamu za lugha za kigeni. Ya pili, *Vuta N'kuvute* ya Amil Shivji, ilisubiri hadi mwaka 2022. Mwanamke aliyetumia maisha yake kuwatafutia wengine nafasi ya kusema alitakiwa anyamaze, uso ufanye kazi yote. Sidhani kama mwigizaji ambaye hajawahi kukaa Malya akisubiri binti afungue kinywa angeweza kunyamaza vile.

Yule koko nilimwona tena baada ya majuma mawili. Mjukuu alikuwa amekuja, dole limewekwa, hela zimetoka. Alikuwa kwenye upande wa ndizi, amekaa juu ya kreti la soda, amezungukwa na wanawake waliokalia magunia. Alikamata kiganja cha jirani yake, akakandamiza dole gumba juu yake, akakaza sauti iwe nyembamba kama ya kijana wa kibandani: “Laini hii ni ya nani, koko?”

Wakaitika wote kwa pamoja: “Ya kwangu!”