Tawi na tagi katika Git: Jina la toleo linapohamishwa

WATU kumi wanapoandika programu moja ya kompyuta, ni lazima ijulikane nani amebadili nini, na lini. Kazi hiyo hufanywa na mifumo ya kutunza matoleo, ukiwamo Git, ulioanzishwa Aprili 2005 na Linus Torvalds, mzaliwa wa Finland aliyebuni Linux, baada ya ruhusa ya kutumia bure mfumo wa kibiashara wa BitKeeper kuondolewa.

Kila hatua inayohifadhiwa katika Git hupewa utambulisho wake, kwa kawaida wa herufi na tarakimu 40. Nani ataukariri? Ndiyo maana yapo matawi na tagi, ambayo kwa hakika ni majina tu yanayoelekeza kwenye hatua hizo.

Tawi ni jina linalotembea. Mwandishi wa programu anayetaka kujaribu jambo jipya huandika amri "git branch majaribio", kisha "git switch majaribio". Tangu hapo kila hatua anayohifadhi hulisogeza mbele jina hilo, ilhali tawi kuu likibaki lilivyokuwa. Jaribio likifaulu, matawi huunganishwa; likishindikana, hufutwa bila hasara.

Tagi hukusudiwa kubaki pale ilipowekwa, kama ile ya v2.6.12 iliyowekwa Juni 2005 kuonyesha toleo hilo la kiini cha Linux. Amri "git tag -a v1.0" huhifadhi pia jina la aliyeiweka, tarehe na maelezo yake, "-s" ikitumika badala ya "-a", huongezwa saini ya kidijitali. Wengi husahau kwamba tagi haipelekwi kwa wenzao yenyewe, mpaka iamriwe: "git push origin v1.0".

Hata hivyo, neno "hukusudiwa" lina uzito wake. Machi 2025, wahalifu waliingilia programu ndogo iitwayo tj-actions/changed-files, iliyokuwa ikitumiwa na miradi zaidi ya 23,000 katika GitHub. Walizihamisha tagi zake za zamani na kuzielekeza kwenye hatua moja yenye maagizo ya hila. Miradi iliyoamini kuwa inatumia toleo lile lile la siku zote ikawa hatarini kuanikiwa nywila na funguo zake za siri katika kumbukumbu za kazi, ambazo kwa miradi ya wazi husomwa na yeyote.

Wale waliokuwa wameandika utambulisho kamili wa hatua, badala ya jina la tagi, na wasiubadilishe siku hizo, hawakuguswa.