Vifungo vya Napoléon na bati letu la Kivu



Wiki iliyopita mdogo wetu mmoja, bado mwanafunzi, alinielezea hadithi aliyosoma. Ndani yake kuko metali adimu sana: ukivaa pete yake, unatembea kwenye theluji bila kusikia baridi. Akaniuliza: "Grand, metali kama ile iko kweli?"

Nikamujibu hapana. Lakini swali lake lilinifikirisha, juu metali yetu sisi watu wa Kivu inafanya kinyume kabisa. Nazungumzia bati. Siyo manjanja ya juu ya nyumba, hapana. Bati ni ile metali nyeupe inayotoka kwenye kasiteriti ya Kalima na ya Walikale. Hiyo bati, baridi inaiua.

Mambo iko hivi. Bati safi iko na sura mbili. Ya kwanza ni nyeupe, inang'aa na inakunjika. Chini ya digrii 13 hivi inaweza kuanza kugeuka kuwa bati ya kijivu. Inapogeuka, inavimba kwa zaidi ya robo, inapasuka, na mwisho inakuwa unga. Kwa kawaida inakwenda polepole sana, na baridi ikifika digrii 30 chini ya sifuri inakwenda mbio zaidi. Alama moja ikitokea, inaenea kama ugonjwa. Ndiyo maana watu wa Ulaya waliiita tauni ya bati, walipoona filimbi za ogani za makanisa yao zinaharibika.

Sasa, kuko historia moja ambayo walimu wengi wa kemia wanapenda kuisimulia. Mwaka 1812 Napoléon alivamia Urusi. Wanasema vifungo vya makoti ya askari wake vilikuwa vya bati, baridi ikavigeuza unga, makoti yakabaki wazi, jeshi likafa. Mimi mwenyewe niliwahi kuisimulia mbele ya wenzangu, na walipiga makofi.

Baadaye nikaanza kuhesabu, na hesabu ikakataa.

Jeshi lilivuka mto Niemen mwezi wa 6, katika joto kali. Mnamo 1869 mhandisi Mfaransa Charles Minard alichora ramani ya safari ile: watu 422 000 wanaingia, 100 000 wanafika Moscow, 10 000 wanarudi. Tazameni vizuri. Kabla ya theluji kuanguka, watatu kati ya wanne walikuwa wamekwisha kutoka kwenye safu. Wengine waliachwa kulinda njia, wengine walikufa vitani, wengine walitoroka. Lakini njaa, kuhara na homa ziliwamaliza wengi. Farasi walikosa majani, magari ya chakula yakabaki nyuma. Kurudi kulianza tarehe 19 mwezi wa 10, na baridi kali ilikuta watu waliokwisha kuchoka.

Na vifungo? Mwaka 2001, huko Vilnius, Lithuania, wafanyakazi wa ujenzi waligusa kaburi kubwa la askari wale. Watafiti walikuta vifungo bado viko, na kwa namba zilizoandikwa juu yake walitambua vikosi vya marehemu. Miaka karibu 190 chini ya udongo wa nchi ya baridi, na vifungo vilikuwa bado vinasomeka! Kwenye mabaki ya chawa na meno, walikuta alama za magonjwa yanayoletwa na chawa.

Kwa hiyo kemia ya bati ni kweli, lakini kesi ya vifungo haisimami. Baridi iliua watu, ndiyo. Lakini aliyewapeleka bila chakula cha kutosha alikuwa mtu, tena mwenye jina.

Vilevile mwaka 1912, Robert Scott akitoka Ncha ya Kusini, alikuta madebe ya mafuta aliyoyaweka njiani yamepungua. Kuna wanaosema ni bati ya kulehemu (ile tunaita kusude) iliyoliwa na baridi. Wengine wanasema ni vifuniko vilivyolegea. Haikuthibitishwa mpaka leo, lakini bati imekwisha kupewa hukumu.

Kwa nini ninawaletea haya? Juu ya baba yangu mdogo. Yeye alifanya kazi kwenye machimbo ya bati huko Kalima. Mpaka leo, ukimtajia kasiteriti anasema: "Acha mwanangu, ile jiwe iko na laana." Mimi nilikua nikiamini hivyo. Lakini siku moja nilimuuliza kazi ilikwisha lini. Akasema, baada ya bei kuanguka, miaka ya 80 katikati.

Hapo nikaelewa. Kulikuwa na shirika la kimataifa lililokuwa linanunua bati ili bei isishuke. Tarehe 24 mwezi wa 10, 1985, huko London, lilikosa pesa za kuendelea kununua. Soko la London likafunga biashara ya bati, bei ikaporomoka. Watu waliokuwa mezani huko walifanya hesabu mbaya, na baba mdogo akarudi nyumbani na sanduku moja. Jiwe halikumfukuza.

Miaka ikapita, bati ikatafutwa tena. Tangu mwezi wa 7 mwaka 2006, Ulaya ilikataza risasi kwenye vyombo vingi vya umeme, na bati ndani ya kusude ikapanda kutoka karibu 60 kwa mia hadi zaidi ya 95. Simu unayoshika sasa hivi iko na bati ndani. Kwetu, machimbo ya Bisie, Walikale, yalikuwa yameanza tangu 2002, na wenye bunduki wakafika kutoza kodi. Tukasema tena: laana ya madini.

Wapendwa, metali haiandiki mkataba. Haipangi bei, haiweki kizuizi barabarani. Tukisema "laana", kila mwenye jina anaondoka salama, kama Napoléon alivyofichwa nyuma ya vifungo. Ni sisi tuliosoma ndio tunapaswa kuuliza: nani aliamua, mwaka gani, kwa bei gani?

Yule mdogo wetu nilimwambia hivi: metali ya kukinga baridi haiko. Koti na chakula viko, na kuko mtu aliyepaswa kuvileta.

Sasa nawauliza na ninyi: kwenu nyumbani, ni jambo gani watu wanaita laana, na ukichunguza vizuri unakuta tarehe na sahihi?