Mfongo wa Zamani Bado Wapitisha Maji

Ukipanda kutoka Moshi mjini kwenda Kibosho au Marangu utaukuta mfongo. Ni mfereji wa kuchimbwa kwa mkono, unatoa maji mtoni na kuyapeleka migombani. Wazungu wa kwanza walipofika Kilimanjaro katika karne ya 19 waliikuta mifongo inafanya kazi. Penye njia panda mtu hufungua huku, akaziba kule, na kila kihamba kina zamu yake.

Nimeanza na mfongo, lakini habari yangu ni ya ruta. Nayo kazi yake ndiyo hiyo: kusimama njia panda ya mitandao na kuamua ujumbe upite wapi. Tofauti ni bei. Jembe kila nyumba ilikuwa nalo; ruta je?

Mwaka 1974 serikali yetu ilipiga marufuku kuingiza kompyuta nchini. Marufuku ikaja kuondoka, lakini mlango ukabaki na kufuli jingine, yaani pesa.

Aliyelilegeza kwa upande wa ruta ni Mfaransa Christophe Fillot. Mwaka 2005 aliandika programu iitwayo Dynamips, inayoifanya kompyuta ya kawaida ijigeuze ruta ya Cisco 7200, mtambo wa miaka ya 1990. Unaipa faili la programu ileile iliyoendesha ruta ya chuma, nayo inaamka ikidhani imo ndani ya sanduku lake. Mwaka 2008 ikatoka GNS3, ya kuchora mtandao mzima kwenye kioo.

Rafiki yangu mmoja wa Majengo alijifunzia hapo, kwa laptopu ya mtumba. Siku ya kwanza aliwasha ruta 3, feni ikanguruma kama mashine ya kusaga! Kumbe ruta ya kuigiza haijui kupumzika. Hata ikikosa kazi inakula nguvu yote ya kompyuta, mpaka uitafutie namba ya Idle-PC, inayoionyesha pa kusinzia. Alipoipata, chumba kikawa kimya, naye akakesha.

Wenzake walimcheka, eti anahangaika na mtambo ambao Cisco yenyewe imeacha kuuza. Lakini OSPF, lugha ambayo ruta huelezana njia, toleo lake la 2 linafuata kanuni zilizotolewa mwaka 1998, na hadi leo linatumika. Aliyeielewa kwenye ruta kuukuu, ameielewa.

Ila tusidanganyane. Faili zile haki yake ni ya Cisco. Kugawiana kiholela ni kufungua maji nje ya zamu. Tena zina matundu yanayojulikana, hivyo zibaki mazoezini, zisiunganishwe na mtandao wa watu. Asiye na haki nazo atumie FRRouting, ambayo ni huru.

Wazee wetu hawakuzaliwa wanaujua mfongo. Walitumwa kuziba wakiwa watoto, wakakosea, maji yakaenda kwa jirani, wakagombezwa, wakajua. Kijana wa leo naye anahitaji mahali pa kukosea bila kumkaushia mtu shamba. Kwa wengi wetu, mahali hapo ni ruta kuukuu ndani ya laptopu ya mtumba.