Nishani ya Kuwepo

Mwanafunzi wangu mmoja wa tafsiri aliandika "medali ya kampeni". Nilipoisoma kwa sauti darasani, mwenzake akauliza imetolewa na chama gani. Hakuwa anatania. Kwetu kampeni ni jukwaa, spika na kanga za kugawa, au labda chanjo na upandaji miti. Askari anayekaa miezi katika bonde lenye malaria akisubiri kuvuka mto hatusemi yuko kwenye kampeni. Yuko vitani, au yuko kwenye operesheni.

"Medali" nayo imeshahamia kwenye riadha. Jeshini watu husema nishani: Rais hutunuku nishani, mwanajeshi huvishwa. Neno lina asili ya Kiajemi na maana yake ya kwanza ni alama. Basi kwa dhana hii napendekeza "nishani ya ushiriki wa vita", kwa sababu ina dada yake anayechanganywa naye kila mara, yaani nishani ya ushujaa. Ya ushujaa huuliza mtu alifanya nini. Ya ushiriki huuliza alikuwa wapi, tangu lini, kwa siku ngapi. Mpishi wa kikosi na mpiga bunduki wa kikosi hichohicho wanavaa nishani moja.

Ugumu unaanza kwenye kanuni za kuipata. Wengi huandika "wanaostahili nishani". Kustahili kwa Kiswahili kuna mizani ya haki ndani yake: mtu hustahili sifa, hustahili adhabu, hustahili kuheshimiwa. Kanuni za nishani hazina mizani hiyo. Zina ramani na kalenda.

Chukua askari wa Keya, kama wazee walivyoliita KAR, jeshi la Waingereza la Afrika Mashariki, katika Vita Kuu ya Pili. Nishani iitwayo Nyota ya Afrika walipewa waliokuwa Abisinia, Eritrea na nchi za Wasomali kati ya tarehe 10 Juni 1940 na 27 Novemba 1941, na siku moja tu kikosini ilitosha. Mwaka uliofuata, Septemba 1942, brigedi ya Afrika Mashariki iliteremka Majunga na kupigana kisiwani Madagascar mpaka Wafaransa wa Vichy walipoweka silaha chini mwanzoni mwa Novemba. Madagascar ni Afrika kwa jiografia ya darasa la nne. Kwa jiografia ya Nyota ya Afrika haimo.

Au tazama meli Khedive Ismail, iliyotoka Mombasa ikielekea Colombo na kuzamishwa na nyambizi ya Wajapani karibu na Maldives tarehe 12 Februari 1944. Walikufa karibu watu 1,300, wengi wao wanajeshi wa mizinga kutoka Afrika Mashariki. Nyota ya Burma, kwa upande wa bahari, ilihesabu Ghuba ya Bengal kwa mstari uliochorwa kuanzia ncha ya kusini ya Ceylon. Meli ilizama magharibi ya mstari huo. Wenzao wa Divisheni ya 11, waliofika wakapita bonde la Kabaw hadi mto Chindwin, waliipata. Nani atasimama kusema wale wa melini "hawakustahili"? Ndiyo maana naandika "waliotimiza masharti". Ni maneno makavu ya karani, na yanafaa kwa kuwa jambo lenyewe ni la karani.

Kuna mahali ambapo neno kustahili linauma zaidi. Nishani ya Utumishi wa Jumla wa Afrika, iliyoanzishwa mwaka 1902, iliwekewa kipande cha chuma chenye neno KENYA kwa waliotumika dhidi ya Mau Mau, kati ya tarehe 21 Oktoba 1952 na 17 Novemba 1956. Sharti lilikuwa siku 91. Sema leo kwamba fulani "alistahili" nishani ile, kisha uone nyuso za watu wa Nyeri.

Siku 91 zinatuleta kwenye jalada. Karani akiandika kuwa mtu aliripoti tarehe 21 badala ya 12, siku tisa zimekufa, na pengine nishani nayo. Majina ndiyo balaa kubwa zaidi, maana yaliandikwa kwa sikio: Hamisi, Khamis, Amisi, huku jina la baba likichukuliwa kuwa la ukoo. Kuondoa kosa la namna hii wengine huita kurekebisha rekodi. Mimi husema "kusahihisha kumbukumbu za utumishi". Kurekebisha ni kuweka sawa, na hata mlaghai huweka mambo yake sawa. Kusahihisha kunamtaka mtu arudishe karatasi kwenye kilichotokea, na kwa bahati njema ya lugha yetu, sahihi ni ukweli na pia ni jina uliloandika chini kwa mkono wako.

Marekani kazi hii ina fomu yake, nambari 149, inayopelekwa kwenye bodi ya kusahihisha kumbukumbu za wanajeshi. Muda ni miaka mitatu tangu kosa kugunduliwa, ingawa bodi yaweza kuusamehe. Huko tatizo mara nyingi ni moto: tarehe 12 Julai 1973 ghala la majalada karibu na St. Louis liliungua na kuteketeza kati ya majalada milioni 16 na 18. Tangu hapo utumishi wa mtu huungwaungwa upya kwa orodha za mishahara na vijikaratasi vya hospitali.

Na asiye na hata kijikaratasi? Husimuliwa kwamba mwaka 1964, Ujerumani Magharibi ilipoamua kuwalipa malimbikizo yao askari wazee wa von Lettow-Vorbeck, kamanda wa jeshi la Wajerumani Afrika Mashariki katika Vita Kuu ya Kwanza, wengi walifika mikono mitupu. Vyeti vya 1918 vilikuwa vimeliwa na mchwa au vimepotea. Mlipaji, inasemwa, akampa kila mzee ufagio na kumwamrisha kwa Kijerumani: bega silaha, teremsha silaha. Mikono ikafuata amri.