Ndoto ya Momi

Leo twapenda kuwasimulia habari za mchezo wa sinema uliofanywa katika nchi ya Italia mwaka 1917, wakati wa Vita Kuu ya kwanza, vita ile iliyofika hata kwetu Afrika ya Mashariki. Jina lake ni Vita na Ndoto ya Momi. Ulitengenezwa katika mji wa Torino, na waliouongoza ni Giovanni Pastrone, Mwitaliani, na Segundo de Chomón, mzaliwa wa Hispania. Sinema za siku zile zilikuwa bubu; watu waliona matendo wala hawakusikia maneno.

Momi ni mtoto mdogo ambaye baba yake yuko vitani. Siku moja barua ya baba yasomwa nyumbani, na mtoto asikia habari za mapigano ya milimani. Kisha ashikwa na usingizi. Ndotoni wanasesere wake wawili, Trik na Trak, wainuka, wakusanya majeshi ya wanasesere wenzao, wapigana kwa mizinga. Mtazamaji hana budi kucheka, kwa maana majemadari hao wenye makeke ni vipande vya mti tu. Mara Momi asikia singe yamchoma. Ashtuka, aamka: kumbe ni mwiba wa waridi!

Je, mti ulitembeaje? Fundi alimweka mwanasesere, akapiga picha moja. Akamsogeza kidogo sana, akapiga nyingine. Kwa sekunde moja ya mchezo zilitakiwa picha kama 16. Basi fikirini subira iliyotumika kwa vita nzima! Kweli, haba na haba hujaza kibaba.

Lakini tusiishie kwenye kicheko. Italia iliingia vitani mwezi wa Mei 1915, na hata vita ilipokwisha mwaka 1918 askari wake zaidi ya laki tano walikuwa wamekufa. Watoto wengi waliouona mchezo huu walikuwa wakingoja barua kama ile ya Momi, na si wote walioipata. Momi alichomwa na mwiba tu, akaamka salama. Mwanasesere aliyeanguka, mtoto humwinua asubuhi akacheza naye tena. Baba aliyeanguka milimani, hapakuwa na mkono wa kumwinua.