Timu Imehama, Mbarali Wameachwa Kwenye Mataa

Wadau, kuanzia Mitundu mpaka Singida mjini, hii Singida Black Stars mnayoishangilia mnajua ilitokea wapi? Ni Ihefu ile ile ya Ubaruku, Mbarali, iliyoipiga Yanga 2-1 Novemba 2022 na kuzima rekodi yake ya mechi 49 za ligi bila kufungwa! Mwaka 2024 ikahamia kwetu na jina likabadilishwa. Mwaka huohuo Singida Fountain Gate (zamani DTB, halafu Big Stars) ikabeba virago kwenda Babati. Shabiki hapigi kura bhana, anaona tu basi limeondoka. Hata Brooklyn, Marekani, walilia Dodgers wa besiboli walipohamia Los Angeles 1958. Sasa watu wa Ubaruku wanamshangilia nani?