Ansible: Simu ya Kufikirika Iliyounganisha Walimwengu

Kila mwenye ndugu ughaibuni analijua hili. Sauti inafika, picha inafika, hata machozi unayaona kwenye kioo cha simu. Ila mtu mwenyewe hafiki. Leo tuongelee chombo ambacho hakuna fundi aliyewahi kukitengeneza, lakini kililisema jambo hili tangu mwaka 1966, wakati intaneti yenyewe bado haijazaliwa.

Chombo hicho kinaitwa Ansible. Aliyekibuni ni mwandishi wa Marekani, Ursula K. Le Guin, katika riwaya yake ya kwanza kuchapishwa, Rocannon's World. Jina alilichonga kutoka neno la Kiingereza lenye maana ya kitu kinachoweza kujibiwa.

Kwa nini alikihitaji? Tatizo ni mwanga. Hakuna ujumbe unaosafiri kwa kasi kuliko mwanga. Kufika Mwezini unachukua kama sekunde 1.3. Kufika Mirihi ni kati ya dakika 3 na 22. Nyota iliyo jirani kabisa na Jua letu ni zaidi ya miaka 4! Yaani ukimsalimia mtu wa huko "umeamkaje", jibu utalipata baada ya miaka 8 na ushee. Kwa mwendo huo hakuna undugu wala serikali inayoweza kuunganisha walimwengu wawili.

Ansible ikavunja ukuta huo. Ujumbe unatumwa na kufika papo hapo, hata kama mko mbali kiasi gani. Kwenye The Left Hand of Darkness ya mwaka 1969, Le Guin akaweka na masharti: upande mmoja lazima ukae kwenye sayari, ule mwingine unabebeka. Humo mjumbe mmoja anamwonyesha mfalme chombo hicho, na mfalme anatumia nafasi hiyo kuuliza ni nini kinachomfanya mtu awe msaliti. Jibu linakuja saa hiyo hiyo, na mfalme haridhiki nalo hata kidogo. Mtandao wa haraka hauleti hekima ya haraka, jamani.

Lakini uchungu wenyewe uko kwenye ile riwaya ya kwanza. Inaanza na mwanamke anayeitwa Semley, wa ulimwengu wa mapanga, ngome na wanyama wenye mabawa. Anapanda chombo cha angani kwenda kuutafuta mkufu wa ukoo wake. Kwake yeye safari ni ya usiku mmoja tu. Anarudi na mkufu mkononi, anakuta mumewe amekufa na mtoto aliyemwacha mdogo ni binti mzima. Ndivyo ilivyo kwenye hadithi hizi: maneno yanaruka, ila mwili wa binadamu unalipa nauli kwa miaka.

Aliyemkabidhi mkufu ule ni mtafiti Rocannon. Baadaye anakwenda huko huko kwa kina Semley. Maadui wanawaua wenzake na kuharibu chombo chao, na Ansible yao inapotea. Basi anavuka nchi nzima mpaka kambi ya maadui, anaingia kwa siri na kutumia Ansible yao kuomba msaada. Ujumbe unafika palepale, na kambi inateketezwa kwa mashine zisizo na watu ndani. Lakini wenzake waliopanda chombo cha kawaida kumfuata, walipofika alikuwa ameshafariki. Hakujua kamwe kwamba ulimwengu ule ulipewa jina lake.

Mwaka 1974, kwenye The Dispossessed, Le Guin akarudi nyuma kutueleza Ansible ilitoka wapi. Mwanafizikia Shevek anagundua nadharia itakayoiwezesha. Dola moja tajiri inaitaka iwe mali yake, iwatawale wengine. Shevek anakataa. Anaitoa kwa walimwengu wote kwa pamoja, bure, ili asiwepo wa kuwafungia wenzake mlango.

Cha kushangaza, na jina lenyewe likapita njia hiyo hiyo. Orson Scott Card akalitumia kwenye Ender's Game mwaka 1985, na waandishi wengine wakalichukua kama vile ni neno la kawaida la kamusi. Mwaka 2012 ikatoka programu ya kusimamia kompyuta nyingi kwa mpigo, nayo ikaitwa Ansible. Programu hiyo ni huria, mtu yeyote anaruhusiwa kuichukua na kuitumia.

Le Guin alifariki Januari 2018. Siku hizi simu zetu zinafanya karibu kila alichokiwaza, angalau hapa duniani. Ila lile somo la Semley halijapitwa na wakati. Mama anakuona kwenye kioo kila Jumapili, anacheka, anakuuliza umekula nini. Na kila Jumapili mvi zake zinaongezeka.

Kama una nauli, nenda ukamwone.